Buxton, Iowa: Usawa wa Kweli Juu ya Ardhi ya Kampuni

Mwaka 1896 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua, katika kesi ya Plessy dhidi ya Ferguson, kwamba jimbo linaweza kuwatenga weusi na wazungu ndani ya treni bila kuvunja katiba. Miaka minne baadaye kampuni ya makaa ya mawe iliyomilikiwa na shirika la reli ilianzisha mji kaskazini mwa Kaunti ya Monroe, jimbo la Iowa, na mji huo ukaenda kinyume kabisa na uamuzi ule. Uliitwa Buxton. Katika kilele chake ulikaribia watu 5,000, na kwa miaka kadhaa Wamarekani Weusi walikuwa wengi kuliko wazungu. Familia za weusi na za wazungu zilipanga nyumba mtaa mmoja, watoto wao walikaa darasa moja, na mgodini tani moja ya makaa ilikuwa na bei moja, awe ameichimba Mswidi au mtu aliyetoka Virginia ambaye wazazi wake walizaliwa utumwani.

Leo pale ni mashamba. Yamebaki makaburi, msingi wa hapa na pale, na kuta za mawe za ghala la duka la kampuni. Tangu mwaka 1983 eneo hilo limo kwenye orodha ya taifa ya maeneo ya kihistoria.

Kisa cha Buxton husimuliwa mara nyingi kama hadithi ya mzungu mmoja mwenye moyo mzuri aliyeamua kwamba kwake hakutakuwa na ubaguzi. Masimulizi hayo yana chembe ya ukweli, lakini yanawanyima wachimbaji haki yao, na hayaelezi kwa nini mambo yote yale yalitoweka ndani ya miaka michache. Hoja yangu ni kwamba usawa wa Buxton ulikuwa halisi, uliopimika kwenye hati ya malipo, na ulitokana na mambo manne yaliyokutana mahali pamoja: njaa ya makaa ya shirika la reli, mkataba wa chama cha wafanyakazi, sheria za Iowa, na wingi wa weusi wenyewe. Jambo la tano, yaani kumiliki ardhi, halikuwamo.

Walianza kama wavunja mgomo

Buxton haieleweki bila Muchakinock, kambi iliyoitangulia, kusini mwa mji wa Oskaloosa katika Kaunti ya Mahaska. Mwanzoni mwa miaka ya 1880 wachimbaji wazungu wa pale waligoma. Kampuni ya Consolidation Coal ikamtuma Thomas Shumate, mtu mweusi aliyejulikana kwa cheo cha Meja, aende Virginia kutafuta watu. Akarudi na makundi ya vijana na familia, wengi wao watu wa mashamba wasiowahi kushuka mgodini. Katika miaka hiyohiyo kampuni yenyewe ikanunuliwa na reli ya Chicago and North Western.

Yaani wazee wa Buxton waliingia Iowa kwa mlango mbaya kuliko yote katika historia ya kazi: mlango wa mvunja mgomo. Kwingineko mlango huo uliishia kwenye damu. Oktoba 1898, huko Virden katika jimbo jirani la Illinois, kampuni ilileta wachimbaji weusi kutoka Alabama wakati wa mgomo. Treni ilipofika, wagomaji na walinzi wa kampuni wakarushiana risasi, na watu wakafa pande zote mbili. Makovu ya siku ile yalidumu kwa vizazi. Mwajiri aligundua kwamba rangi ni silaha nzuri ya kuuvunja mshikamano, akaitumia, na mchimbaji mzungu akamwona mweusi kuwa ndiye adui, badala ya aliyemleta.

Kwa nini Muchakinock haikwenda njia hiyo? Kwanza, weusi walibaki. Kampuni iliendelea kurudi Virginia kuajiri wengine, na waliokwisha kufika wakaita ndugu, wake na watoto. Ndani ya miaka michache hawakuwa tena wageni waliokuja kuziba pengo. Walikuwa wenyeji, na wazungu wengi waliofika baadaye, Waswidi wakiwemo, waliwakuta pale. Anayefika na kukuta mtu mweusi ndiye mzoefu wa mwamba, ndiye anayemwonyesha jinsi ya kusikiliza dari inapolia kabla ya kuanguka, huanza na picha tofauti kichwani. Pili, walijipanga wenyewe. Walikuwa na chama cha kusaidiana kilichokata kiasi kidogo kutoka kwenye mshahara wa kila mwezi kwa ajili ya matibabu na maziko, kile ambacho Mswahili angekiita chama cha kufa na kuzikana. Jamii yenye hazina yake na viongozi wake haisukumwi ovyo.

Mji uliopangwa

Kufikia mwisho wa miaka ya 1890 makaa ya Muchakinock yalikuwa yanaelekea kuisha. Msimamizi mkuu wa kampuni, John E. Buxton, alikuwa ameshamwachia kazi mwanawe Ben mwaka 1896. Ben alikuwa kijana bado, na ndiye aliyesimamia ujenzi wa mji mpya kwenye ardhi ambayo kampuni iliinunua ng'ambo ya mpaka wa kaunti. Mji ukapewa jina la ukoo wao. Watu wa Muchakinock wakahamia huko, na kambi ya zamani ikafa.

Kambi nyingi za makaa Iowa zilikuwa mahali pa huzuni: vibanda vya vyumba vichache vilivyojengwa kwa mbao nyepesi kwa sababu kila mtu alijua kwamba baada ya miaka kumi hivi mgodi utakwisha na vibanda vitabomolewa. Kota za Buxton zilikuwa na vyumba vitano au sita, kila moja kwenye kiwanja cha robo ekari hivi, penye nafasi ya bustani ya mboga, kuku na nguruwe. Kampuni ilizipangisha kwa wenye familia. Uamuzi huo naupa uzito mkubwa. Mwenye mke, watoto shuleni na viazi ardhini hahami kirahisi, halewi kila Jumamosi, na hafikirii mara mbili kabla ya kwenda kazini Jumatatu. Reli ilitaka wafanyakazi watulivu, na utulivu ukazaa ujirani. Nyumba hazikugawiwa kwa rangi. Waswidi walijitenga kiasi kwenye vitongoji vilivyoitwa East Swede Town na West Swede Town, lakini katikati ya mji mtu hakuchagua jirani.

Duka kuu la kampuni, Monroe Mercantile, lilikuwa na makarani weusi na wazungu nyuma ya kaunta moja. Kampuni haikufukuza ushindani: pembezoni, mahali kama Coopertown na Gainesville, palikuwa na biashara za watu binafsi, nyingine mali za weusi. Gainesville ilipata jina lake kwa Reuben Gaines, mfanyabiashara mweusi. Mji ulikuwa na jengo kubwa la YMCA, chama cha vijana wa Kikristo, lililojengwa kwa fedha za kampuni kwa ajili ya weusi na kuongozwa nao, lenye ukumbi wa mikutano, mihadhara na maonyesho. Timu ya besiboli, Buxton Wonders, ilikuwa na jina katika jimbo zima.

Shuleni walimu walikuwa wa rangi zote mbili. Mwalimu Minnie London, mwanamke mweusi, alifundisha Muchakinock na kisha Buxton. Katika nchi ambako mahali pengi mwalimu mweusi hakuruhusiwa kusimama mbele ya mtoto mzungu, hilo lilikuwa jambo la kawaida la kila asubuhi.

Mizani

Nataka kukaa kwenye mgodi, kwa sababu naamini ndiko usawa ulikoshikiliwa.

Migodi ya Iowa wakati ule ilichimbwa kwa vyumba na nguzo. Wachimbaji wawili walipewa chumba chao chini ya ardhi. Walikata chini ya mwamba wa makaa, wakatoboa matundu, wakalipua kwa baruti, kisha wakapakia makaa kwenye vigari vilivyovutwa na nyumbu hadi kwenye mdomo wa shimo. Kila kigari kilitundikwa kibao chenye namba ya mchimbaji. Juu, kigari kilipimwa na uzito ukaandikwa kwenye namba hiyo. Mchimbaji hakulipwa kwa siku wala kwa saa. Alilipwa kwa tani.

Mahali pa kumwibia mchimbaji ni kwenye mizani. Kampuni nyingi zilifanya hivyo, na hapo ndipo mweusi angeumizwa kwanza bila mtu kuandika popote kwamba anabaguliwa. Kinga ilikuwa mtu aitwaye mpimaji wa wachimbaji, aliyechaguliwa na chama na kulipwa na wachimbaji wenyewe, akisimama kando ya karani wa kampuni na kuangalia kila namba inayoandikwa. Chama hicho, United Mine Workers of America, kiliundwa mwaka 1890 huko Columbus, Ohio, na katiba yake ilikaribisha wachimbaji bila kujali dini, rangi wala taifa. Mmoja wa waliokuwapo siku za kuundwa kwake alikuwa Richard L. Davis, mchimbaji mweusi kutoka Rendville, Ohio, ambaye baadaye alichaguliwa kwenye halmashauri kuu ya taifa. Si kila tawi liliheshimu katiba hiyo. Buxton ililazimika kuiheshimu, kwa sababu weusi ndio waliokuwa wengi ndani ya tawi, na tawi lilikuwa miongoni mwa makubwa kabisa katika Wilaya ya 13 ya chama hicho, iliyohusu Iowa.

Hapa kuna mgeuko ambao wasimulizi wengi wanaupita haraka. Watu walioletwa Iowa ili kuvunja mgomo waligeuka kuwa uti wa mgongo wa chama. Mkataba wa wilaya uliweka bei ya tani kwa wote. Chama kingemkubali mzungu na kumwacha mweusi, kampuni ingempata mvunja mgomo mlangoni kesho yake. Wachimbaji wa kizungu wa Iowa walilifahamu hilo vizuri, kwa uchungu. Na mweusi asingejiunga, angebaki chombo cha mwajiri siku zote. Mkataba uliwafunga pamoja watu ambao huenda wasingependana kwa hiari.

Juu ya mkataba kulikuwa na mteja. Migodi mingi ya Iowa iliuza makaa ya kupasha nyumba joto, kwa hiyo kiangazi wachimbaji walikaa bila kazi miezi kadhaa. Buxton iliuzia injini za treni za mmiliki wake, na treni haziangalii majira. Kazi ilikuwa ya mwaka mzima zaidi kuliko kwa majirani, na kipato kilikuwa kizuri kwa vipimo vya wakati ule. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Iowa State, Dorothy Schwieder, Joseph Hraba na Elmer Schwieder, walipochambua takwimu za sensa za jimbo hawakukuta pengo la maana kati ya mapato ya wachimbaji weusi na ya wazungu. Palipokuwa na kazi ya kutosha kila mtu, ile vita ya kugombea nafasi chache inayochochea chuki ya rangi ilikosa kuni.

Sheria ilisaidia kiasi gani?

Iowa ilikuwa na sheria ambazo majimbo mengi hayakuwa nazo. Mwaka 1868 mahakama kuu ya jimbo iliamua kwamba mji wa Muscatine hauwezi kumzuia Susan, binti wa Alexander Clark, kusoma shule ya wazungu. Mwaka huohuo wapiga kura walibadili katiba ili wanaume weusi wapige kura. Mwaka 1884 bunge lilipitisha sheria dhidi ya ubaguzi katika hoteli, kumbi za maonyesho na vyombo vya usafiri, na mwaka 1892 likaongeza mikahawa. Kwa hiyo shule za Buxton zilichanganya watoto kwa amri ya sheria. Ben Buxton hakuwafanyia watu hisani kwa hilo.

Lakini sheria hizohizo zilikuwapo Des Moines, mji mkuu wa jimbo, pia, na huko hoteli na mikahawa iliendelea kuwafukuza weusi. Sheria ya karatasini ilihitaji watu wenye nguvu ya kuidai. Buxton weusi walikuwa wengi, wana mishahara, wana chama, na wana mawakili. Mwenye duka aliyewadharau angefunga duka.

Na Ben Buxton mwenyewe? Nampa sifa yake. Wasimamizi wengine wa migodi walikuwa na nafasi ileile ya kujenga kota nzuri na wakajenga vibanda. Aliwaruhusu watu wajipange, na wazee waliokulia pale walimkumbuka kwa heshima. Aliondoka mwaka 1909, na mji haukubadilika tabia siku ya pili yake. Hiyo kwangu ni ishara nzuri kwamba uzito ulikuwa umelala juu ya nguzo nyingine.

Pasipo na usawa

Wasimamizi wakuu wa kampuni walikuwa wazungu, mmoja baada ya mwingine. Makanisa yalitengana: weusi walikuwa na makanisa yao ya Kibaptisti na ya AME (kanisa la Kimethodisti la Wamarekani Weusi), Waswidi wakiwa na yao. Vyama vya udugu vilitengana vilevile. YMCA ilikuwa ya weusi. Baadhi ya watu walitengana kwa kupenda, kwa lugha na ibada, na sioni ubaya Mswidi akisali Kiswidi. Lakini anayeandika kwamba Buxton haikujua rangi anakosea. Rangi ilijulikana sana. Haikuwa na nguvu ya kumpunguzia mtu tani yake wala kumfungia mtoto mlango wa shule.

Kuna tahadhari nyingine kuhusu ushahidi wenyewe. Sehemu kubwa ya tunayoyajua kuhusu maisha ya kila siku ilitoka kwa wazee waliohojiwa mwanzoni mwa miaka ya 1980. Walipoishi Buxton wengi wao walikuwa watoto au vijana, na kumbukumbu ya utoto huwa na mwanga wake. Baadaye waliishi miji iliyowatenga, na ukilinganisha na huko, nyumbani kwao kulizidi kung'aa. Ndiyo maana takwimu za mapato nazitegemea kuliko kumbukumbu za sherehe, ingawa naamini zote mbili zinaelekea upande mmoja.

Kilichokosekana

Buxton haikuwahi kusajiliwa kama mji. Haikuwa na meya wala baraza. Nyumba, barabara, duka kuu, jengo la YMCA, na ardhi iliyo chini ya vyote hivyo, vilikuwa vya kampuni. Mpangaji aliweza kuishi miaka 15, akapanda miti ya matunda na kuzika wazazi, bila kuwa na hati ya hata mita moja ya udongo.

Katika muongo wa 1910 migodi ya karibu ilianza kukauka. Kampuni ikafungua mingine magharibi zaidi, na kambi mpya, Consol na Haydock, zikaanzishwa karibu nayo. Wachimbaji wakafuata kazi. Vita vya Kwanza vya Dunia vilipokwisha, soko la makaa likalegea, na reli ikazidi kuelekeza macho Illinois, ambako ilikuwa na migodi yake. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 Buxton ilikuwa karibu tupu. Kufikia 1927 mgodi wa mwisho wa kampuni hiyo katika eneo lile ulikuwa umefungwa.

Sina hakika kama kuna njia iliyo wazi zaidi ya kuona aina ya usawa uliokuwapo. Mwaka ule ambao reli haikuhitaji makaa tena, usawa wote ulikosa pa kusimama. Mji wenye baraza na wenye viwanja ungeweza kujaribu kutafuta kiwanda, kukopa, kushitaki, kung'ang'ania. Wapangaji wangeweza tu kufunga mizigo.

Wengi walikwenda Des Moines, wengine Waterloo, Cedar Rapids na Chicago. Huko walikutana na Marekani ileile waliyoisoma magazetini. Wanaume waliozoea kulipwa sawa wakaambiwa kazi zilizopo ni za kufagia na kubeba mizigo. Wanawake waliokuwa makarani dukani wakaambiwa wapo wanaotafuta mfanyakazi wa ndani. Watoto waliozoea kuwa na mwalimu mweusi hawakumwona tena. Wapo walioeleza, wakiwa wazee, kwamba hawakujua wao ni watu wa kubaguliwa mpaka walipoondoka Buxton. Nimesoma mengi kuhusu ubaguzi wa Marekani, na bado jambo hilo linanichoma: mtu mzima kujifunza unyonge kama somo jipya.

Waliopata elimu na taaluma pale waliondoka na kitu ambacho kampuni isingeweza kubomoa. Edward A. Carter, mtoto wa mchimbaji wa Muchakinock, alikuwa mweusi wa kwanza kuhitimu udaktari katika Chuo Kikuu cha Iowa, mwaka 1907, akarudi Buxton na kuwatibu wachimbaji wa rangi zote kama daktari wa kampuni. George H. Woodson, wakili mzaliwa wa Virginia aliyefanya kazi Muchakinock na Buxton, alikuwa miongoni mwa watu 29 walioanzisha Vuguvugu la Niagara, lililodai haki za raia kwa weusi, mwaka 1905. Mwaka 1925, Buxton ikiwa imeshabomolewa kwa sehemu kubwa, yeye na wenzake, wakiwemo S. Joe Brown na Gertrude Rush, walianzisha Des Moines chama cha taifa cha mawakili weusi, kwa sababu chama cha mawakili cha wazungu kilikuwa kimewafungia mlango. Chama chao kinafanya kazi hadi leo.